Eafoni za shilingi 50,000: sikio kwanza, besi baadaye

Swali: Fundi, habari za kazi. Nina kiduka Arua, na mara nyingi napanda basi la Kampala kwenda kuchukua mali. Njia nzima nasikiliza redio na nyimbo kwenye simu. Mwaka huu nimeshanunua eafoni tatu za bei ya chini. Ya kwanza upande wa kushoto huchomoka basi likivuka tuta. Ya pili haina besi kabisa. Ya tatu besi ipo, lakini saa moja haiishi masikio yameanza kuuma. Muuzaji aliniambia niziache zipige muziki usiku kucha, eti zitafunguka. Sasa nina shilingi 50,000. Dukani napata dakika chache tu; nitajuaje zilizo nzuri? Ninunue za waya au za Bluetooth? Na hizi za zamani nimpe mdogo wangu aliye darasa la sita?

Jibu: Dada, umenieleza matatizo matatu, lakini mimi naona moja. Eafoni inayochomoka, isiyo na besi na inayoumiza zote zinalalamikia kitu kile kile: kipira cha mbele hakijakaa sawa kwenye tundu la sikio lako. Tumalize hilo kwanza, kwa sababu eafoni isiyokaa huwezi kuihukumu. Utakuwa unaisema vibaya spika ambayo hujawahi kuisikia.

Spika iliyo ndani ya eafoni ni ndogo mno. Nyingi zina kipenyo cha milimita 6 hadi 10 hivi. Haina uwezo wa kutikisa hewa ya chumba. Inachoweza ni kusukuma ile hewa kidogo iliyofungiwa kati yake na ngoma ya sikio. Hewa hiyo ikifungiwa barabara, hata spika ya bei ndogo hutoa besi ya kutosha. Ukibaki upenyo, hata mwembamba, sauti nzito ndizo za kwanza kukimbia na zile kali zinabaki. Wewe unaona muziki umekauka, unaongeza volyumu kuitafuta besi, na kinachoongezeka ni ukali tu. Ndiyo maana eafoni ile ile mtu mmoja anaisifu kwa besi na mwenzake anaapa haina. Wote wawili wanasema kweli, kila mmoja kwa masikio yake.

Kwenye kikasha huwa kuna vipira vya ukubwa wa aina mbili au tatu. Watu wengi hutumia vile vilivyokuja vimevishwa, vya wastani, na vingine hutupwa pamoja na kikasha. Halafu masikio ya mtu mmoja mara nyingi hayalingani. Kulia panaweza kutaka cha wastani na kushoto kikubwa, na hakuna sheria inayosema lazima vifanane. Eafoni yako ya kwanza inachomoka upande mmoja tu. Kwangu hiyo ni dalili kwamba sikio la kushoto linadai kipira chake.

Jinsi ya kuvaa pia ni jambo. Kwa sikio la kulia, pitisha mkono wa kushoto nyuma ya kichwa, shika sehemu ya juu ya sikio uivute juu na nyuma kidogo. Tundu linanyooka. Ingiza eafoni kwa mkono wa kulia huku ukiizungusha kidogo, ishikilie kwa muda mfupi, kisha achia sikio. Sasa sema neno lenye m nyingi, kama "mama". Ukisikia sauti yako mwenyewe imekuwa nzito na inavuma kichwani, tundu limezibwa. Kama sauti yako haijabadilika, bado. Kisha weka muziki na uibonyeze eafoni kwa ndani kidogo sana kwa kidole. Besi ikiongezeka ghafla, ujue kipira ni kidogo au hakijaingia. Ikibaki vile vile, umefika. Mwisho fungua mdomo na uufunge, tafunatafuna hewa. Taya husogeza kuta za tundu, na kipira kisichotosha kitaachia hapo hapo dukani badala ya kukusubiri njiani kati ya Pakwach na Karuma.

Maumivu nayo yana lugha yake. Pakiuma ndani ya tundu, kama kitu kinatanua, kipira ni kikubwa au kigumu. Pakiuma nje, kwenye bakuli la sikio au kwenye kile kigegedu kidogo kilicho mbele ya tundu, kosa ni la umbo la eafoni yenyewe, na hapo hakuna kipira kitakachokuokoa. Mwili wake ni mkubwa kuliko nafasi uliyonayo, au una kona. Masikio madogo yanaelewana zaidi na eafoni nyembamba za umbo la risasi kuliko zile pana zinazojaza bakuli zima, hata kama hizo pana ndizo zinazopendeza kwenye picha. Aina ya tatu ya kero ni kusikia sikio limezibwa na kusukumwa, na eafoni inatoa mlio wa "kra" unapoibonyeza. Hiyo hewa imekosa pa kutokea. Eafoni iliyotengenezwa kwa uangalifu huwa na kitobo kidogo mno kwenye mwili wake kwa kazi hiyo.

Kwa kuwa maumivu hayaji kwa dakika moja, fanya hivi: vaa upande mmoja, na upande wa pili wa kichwa uendelee kupatana bei. Wauzaji wetu hawakosi maneno, na dakika kumi zitapita bila wewe kujua. Kama kuna mahali pataanza kuwaka moto, patakwambia mapema.

Najua wengine hukataa kufungua kikasha, na sababu ya usafi wanayo. Nenda na vipira vyako mwenyewe vya saizi yako na kitambaa chenye spiriti. Shingo za eafoni hazilingani unene wote, lakini vipira vya silikoni hutanuka na hukubali nyingi. Mwombe ya kuonyeshea, uivishe vipira vyako, ujaribu. Akikataa hata hilo, salimu uende kwa jirani yake. Jengo la Mutaasa Kafeero pale Kampala halijawahi kupungukiwa na maduka ya vifaa vya simu.

Sasa sauti yenyewe. Usikubali wimbo wa muuzaji. Anao mmoja wenye ngoma nzito, unaopendeza kwenye kila eafoni aliyonayo, ndiyo maana kauchagua. Nenda na nyimbo zako chache, unazozijua hadi mwimbaji anapovuta pumzi. Na kila unapobadilisha eafoni, rekebisha volyumu hadi sauti ya mwimbaji ifike kimo kile kile. Hili watu hulipuuza, na ndilo linalowapoteza zaidi. Tangu mwaka 1933, watafiti Fletcher na Munson walipochapisha vipimo vyao kule Marekani, inajulikana kwamba muziki ukiwa chini sikio husikia besi kwa shida, na ukipandishwa besi inajitokeza. Simu ile ile, kwenye namba ile ile ya volyumu, hupiga eafoni moja kwa nguvu na nyingine kwa unyonge. Usipozisawazisha, yenye kelele zaidi itashinda kila mara.

Anza na mtu anayeongea, usianze na muziki. Hifadhi kwenye simu kipande cha mtangazaji wa redio unayemsikiliza kila siku. Sauti ya binadamu ndiyo tunayoijua kuliko sauti nyingine yoyote duniani, kwa hiyo haidanganyi. Sikiliza s na sh zake: "sasa hivi", "shilingi", "masista". Zikichoma, eafoni imepandishwa mno kwenye masafa ya kilohezi 5 hadi 8 hivi, na kero hiyo utaivumilia nusu saa, hutaivumilia hadi Kampala. Kisha sikiliza kifua chake. Mtangazaji mwanaume mwenye sauti nzito akisikika amekuwa mwembamba na anaongea puani, sauti za chini zimepungua. Akisikika amefunikwa na maneno yanaungana, zimezidi, au sauti za kati zimezamishwa.

Halafu muziki. Wewe uko Arua, kwa hiyo una kipimo kizuri kuliko nyimbo zote ambazo mabingwa wa Ulaya hupendekeza: adungu, kile kinubi cha nyuzi. Tafuta rekodi ya kwaya inayoimba na adungu kadhaa, kuanzia zile ndogo hadi ile kubwa ya Waalur inayobeba besi. Uzi wa adungu kubwa ukidonolewa una mwanzo unaosikika, kidole kinapouachia, halafu unavuma, halafu unanyamaza. Eafoni nzuri hukupa vyote vitatu. Eafoni iliyojazwa besi ili iuzike huumeza ule mdono wa mwanzo na kukuachia mvumo tu, tena mvumo unaolala juu ya noti inayofuata. Fuata mwendo wa besi peke yake kwa mistari miwili. Ukiweza kuuimba kwa mdomo, ni besi. Ukishindwa kutofautisha noti na noti, hiyo ni kelele nzito tu. Hapo hapo sikiliza adungu ndogo juu: je, zinasikika kila moja mahali pake, au zimekuwa mchanganyiko unaong'aa?

Kama hupendi adungu, sebene ya Kikongo inafanya kazi hiyo hiyo. Gitaa la solo, la mi-solo na la kusindikiza yanasukana kwa pamoja, na eafoni dhaifu huyafanya gitaa moja. Kadongo kamu ya Kiganda nayo inafaa kwa kuwa ina vitu vichache: mwimbaji anasimulia, gitaa linajibu, na eafoni haina pa kujificha.

Jaribio moja zaidi, la haraka. Sauti ya mwimbaji mkuu inapaswa kukaa katikati kabisa ya kichwa. Ikivutwa upande, badilisha: ya L ivae kulia, ya R ivae kushoto. Kama mvuto umehama pamoja na eafoni, spika moja ni dhaifu kuliko mwenzake, irudishe. Kama mvuto umebaki sikio lile lile, eafoni haina hatia. Labda kipira hakijakaa, au una nta sikioni, na hiyo ipeleke kituo cha afya, usiichokonoe kwa njiti.

Kabla hujalaumu eafoni kwa mikwaruzo, angalia nyimbo zenyewe. Zile tunazojaziwa kwenye memori kadi, au zilizopita mikono mingi kwa WhatsApp, zimebanwa mara nyingi hadi matoazi yamegeuka maji yanayochemka. Eafoni bora itakuonyesha uchafu huo waziwazi zaidi, ukadhani umeuziwa mbovu. Kwa siku ya kununua, chukua faili nzuri, walau kilobiti 256 kwa sekunde.

Maandishi ya kikasha yapite haraka. "20 Hz hadi 20 kHz" ni mipaka ya usikivu wa binadamu kijana. Kila mtu huiandika, na bila kusemwa sauti inapanda na kushuka desibeli (kipimo cha nguvu ya sauti) ngapi njiani, haina maana yoyote. Milimita za spika hazisemi ubora. "Extra bass" ni onyo kuliko sifa. Bei nayo si shahidi mzuri. Mwaka 2017 mtafiti Jeroen Breebaart alichapisha ulinganisho wa vipimo vya hedifoni na eafoni 283, za aina zote, na hakuona uhusiano kati ya bei na jinsi zinavyogawanya besi, sauti za kati na za juu. Hilo lisikufanye udhani kila cha elfu tano ni dhahabu. Pesa hununua waya imara, umbo zuri na uhakika kwamba jozi ya pili itafanana na ya kwanza. Lakini sauti nzuri kwa 50,000 si ndoto.

Waya au Bluetooth? Kwako wewe, waya, bila kusita. Kwenye eafoni ya Bluetooth ya 50,000, pesa hiyo hiyo imegawanywa kwa betri tatu, chipu, redio, maiki na kikasha cha kuchajia, na spika inapata makombo. Betri ya kila upande hudumu saa chache, na safari yako ni ya karibu kilomita 500. Ikichomoka kwenye tuta haining'inii, inaanguka chini ya viti na kwenda zake. Na wewe umesema unasikiliza redio: kwenye simu zenye redio ya FM, waya wa eafoni ndio antena. Ukitumia Bluetooth, simu nyingi zitakuambia uchomeke waya kwanza. Angalia tu simu yako ina tundu la duara la milimita 3.5 au ni Type-C peke yake. Kama ni Type-C, jaribu kwenye simu yako mwenyewe kabla ya kulipa, kwa sababu eafoni za Type-C hazikubaliwi na simu zote.

Waya una kero yake. Ukigusa nguo husafirisha mkwaruzo moja kwa moja sikioni. Dukani, uvute kidogo kwenye kola ya blauzi usikie. Dawa ni kupitisha waya juu na nyuma ya sikio, hata kwa eafoni zilizokusudiwa kuning'inia. Kelele hupungua na eafoni haivutwi nje. Angalia pia pale waya unapoingia kwenye pini, kwani ndipo hukatikia. Eafoni nyingi za KZ ya China waya wake huchomoka, ukikatika unanunua waya peke yake, na kwa bei hii hiyo ni faida kubwa. Zikiwa nje ya uwezo au hazipo, hata Oraimo ya waya iliyo halisi inatosha, mradi ikae sikioni. Nasema iliyo halisi kwa kuwa jina linalouzika ndilo linaloigwa: tazama maandishi yaliyofifia, wavu uliobandikwa upande, L na R zisizosomeka, na bei iliyoshuka ghafla bila wewe kuomba.

Habari ya kupiga muziki usiku kucha ili zifunguke, achana nayo. Kinachofunguka ni sikio lako, ambalo huzoea chochote likipewa muda. Muuzaji anapenda ushauri huo kwa sababu ukirudi baada ya wiki mbili siku za kurudisha zimekwisha. Ikikukera leo, irudishe leo.

Na sasa basi. Injini na upepo vina sauti nzito nyingi, ambazo hufunika besi ya muziki, na mtu huongeza volyumu bila kujua. Shirika la Afya Duniani linaweka kikomo cha desibeli 80 kwa saa 40 kwa wiki kwa mtu mzima. Ukifika desibeli 90, zinabaki saa 4 tu. Safari moja ya Kampala inaweza kuzimaliza. Kipira kinachoziba vizuri hupunguza kelele ya nje na kukuruhusu kusikiliza chini, kwa hiyo hata hapa tunarudi kwenye saizi ya kipira. Weka volyumu basi likiwa bado limesimama, uitazame namba, na njiani usiipandishe zaidi ya hatua moja au mbili. Ukishuka na masikio yanalia "nzii", ulizidisha. Ukipanda boda toa zote mbili.

Mdogo wako mpe ile ya tatu. Kipira kilichokubana wewe kibadilishe kwa kidogo kabisa, kwa kuwa tundu lake la sikio ni jembamba, kisha futa mwili wa eafoni kwa kitambaa chenye spiriti kidogo na usafishe wavu kwa mswaki mkavu, ukiwa umeuelekeza chini ili nta isiingie ndani. Kwa watoto kikomo ni desibeli 75 kwa saa 40 kwa wiki, kwa hiyo kama simu yake ina mpangilio wa kuzuia volyumu, uwashe. Ya pili, isiyo na besi, ivishe kipira kikubwa uisikilize upya kabla ya kuitoa kwa mtu. Na ile ya kwanza, kabla hujapanda basi, tafuta kipira cha kushoto kinachokaa. Vipira vitupu huuzwa kwa pesa kidogo. Ikikaa hadi ukatafuna bila kuchomoka, na mtangazaji wako akasikika vizuri, 50,000 iongeze kwenye mali ya duka.